Friji Likinyamaza Linakula Nini?

Umeme ulituishia saa 4 usiku wa Alhamisi, tarehe 19, na asubuhi yake nilikuwa na testi. Nilitoka barazani nikakuta nyumba zote za jirani zina taa, sisi tu ndio tuko gizani. Mita ya LUKU ilikuwa imebaki na sifuri. Tarehe 1 tulikuwa tumenunua umeme wa shilingi 60,000, kila chumba 10,000, na makubaliano yalikuwa ufike mwisho wa mwezi. Mwezi uliotangulia uliisha tarehe 22. Ule mwingine, tarehe 24.

Nyumba yetu iko Changanyikeni. Ina vyumba sita, mita moja, na wanafunzi tisa. Aliyewahi kuishi geto anajua kwamba ugomvi wa LUKU ni mbaya kuliko wa foleni ya bafu, kwa sababu bafu unamwona aliyemo ndani. Umeme humwoni anayeutumia. Unabaki kumdhania tu mwenzako.

Ijumaa tulichanga mchango wa dharura, 7,000 kila chumba, na jioni tukakaa kikao barazani. Mshtakiwa alikuwa anajulikana kabla hatujaketi: dada wa chumba cha nne, mwenye friji pekee katika nyumba nzima. Anauza barafu na juisi ya ukwaju kwa wanafunzi na watoto wa mtaani. Mkopo wake ni wa asilimia ndogo, na sehemu ya ada inayobaki anaitafuta kwenye friji hilo. Tulilijua hilo sote, maana sote ni wateja wake.

Mwendesha mashtaka nilikuwa mimi. Nasoma Sosholojia, na kidato cha sita nilisoma HGE, kwa hiyo hesabu ninayoijua inatosha kunitia matatani. Mchana ule niliingia chumbani kwake kwa ruhusa yake, nikageuza friji, nikasoma kibandiko cha nyuma. Kiliandikwa 220–240 V na 0.7 A. Wati hazikuwepo, lakini nilikumbuka kwamba volti ukizidisha kwa ampea unapata wati. Nikachukua 230 katikati pale, mara 0.7, nikapata wati 161.

Sasa twende pole pole hapa, kwa sababu kanuni yenyewe ni sahihi, na kila mtu anayechangia LUKU anapaswa kuijua. Wati ni kasi ya kutumia umeme, kama bomba linavyoweza kufunguliwa kidogo au sana. Uniti ni kiasi kilichokwisha kutoka, yaani ndoo iliyojaa. Kwa hiyo kujua wati peke yake hakukuambii kitu kuhusu pesa, kama vile kujua bomba limefunguliwa sana hakukuambii ndoo ngapi zimejaa mpaka ujue limefunguliwa kwa muda gani. Uniti moja ni wati 1,000 kwa saa moja. Unachukua wati, unazidisha kwa saa za matumizi, unagawa kwa 1,000. Basi.

Bei ya uniti usiikisie, isome kwenye ujumbe unaokuja na zile tarakimu 20 za tokeni. Nyumba yetu iko kwenye kundi la T1, ambako uniti ni shilingi 292. Juu yake kuna VAT asilimia 18, mchango wa REA asilimia 3 na wa EWURA asilimia 1, jumla asilimia 22. Ndiyo maana uniti moja inakufikia kwa shilingi 356.24. Kwenye manunuzi ya kwanza ya mwezi kuna pia kodi ya jengo, kwetu shilingi 1,500, ambayo haina uhusiano wowote na umeme. Kwa hiyo ile 60,000 yetu ilinunua uniti 164 tu, si 168 kama nilivyokuwa nikiwatangazia wenzangu. Walio kwenye kundi la D1, la matumizi madogo ya majumbani, wanapata uniti 75 za kwanza za mwezi kwa shilingi 100 kabla ya makato hayo, na zinazozidi wanalipa 350. Maana yake friji lilelile linaweza kuwa na gharama tofauti kabisa nyumba ya pili.

Haya, nikasimama barazani na karatasi yangu. Wati 161, mara saa 24, mara siku 30, gawa kwa 1,000. Uniti 115.9. Mara 356.24. Shilingi 41,295.

Barazani pakawa kimya. Mtu mmoja akapiga mluzi. Mama mwenye nyumba, ambaye tulimwita awe shahidi, akasema, "Wanangu, mimi nilishawaambia toka mwanzo. Friji ndilo linalokula umeme." Ikaamuliwa palepale kwamba dada aongeze 30,000 kila mwezi, na mpaka atakapoitoa, friji lizimwe.

Yeye hakupandisha sauti. Aliniuliza swali moja tu: "Kaka, na friji likinyamaza, linakula nini?"

Nilicheka. Naandika hivyo kwa sababu wenzangu wanane walinisikia nikicheka, siwezi kukana. Nikamwambia friji limechomekwa saa 24, kwa hiyo linatumia saa 24. Usiku ule akachomoa waya.

Jumamosi swali lile halikunitoka kichwani. Kila mwenye friji anajua kwamba linanguruma kwa muda, halafu linanyamaza, halafu linanguruma tena. Kinachonguruma ni mota inayosukuma gesi ya kupoozea. Ndani kukishafika kiwango cha ubaridi uliochagua kwenye kitufe, mota inajizima yenyewe. Joto likipanda tena, inawaka. Ikinyamaza, karibu haitumii kitu. Hesabu yangu ilikuwa imemlipisha dada wa watu hata muda friji limelala.

Kosa la pili sikulijua mpaka nilipomuuliza jamaa mmoja anayesoma uhandisi. Volti mara ampea inatoa wati halisi kwa vitu vinavyopasha moto tu, kama pasi au jiko la koili. Kwa vitu vyenye mota jibu linakuwa kubwa kuliko wati halisi. Tena ile 0.7 ya kwenye kibandiko ni kiwango ambacho mtengenezaji anatahadharisha, si kile ambacho friji linavuta kila dakika.

Nikamuuliza sasa nitajuaje ukweli. Akanionyesha kitu ambacho nimepita mbele yake kila siku kwa miaka miwili. Mita ya LUKU ina kataa kadogo kekundu kanakokonyeza. Karibu yake kuna maandishi. Ya kwetu yanasema 1000 imp/kWh. Maana yake kataa kakikonyeza mara 1,000, uniti moja imekwenda. Nyingine zimeandikwa 1600 au namba tofauti, kwa hiyo soma ya kwako kwanza. Ukizima kila kitu ndani ya nyumba ukabakiza kifaa kimoja, ukahesabu, mita yenyewe inakuambia kifaa hicho kinakula kiasi gani. Hauhitaji kibandiko wala kubahatisha.

Jumapili asubuhi nilikwenda chumba cha nne kuomba radhi na kuomba friji liwashwe tupime. Barafu zote zilikuwa zimeyeyuka. Lita sita za juisi ya ukwaju, iliyotengenezwa Ijumaa kwa ajili ya mauzo ya wikiendi, zilikuwa kwenye ndoo zikisubiri kumwagwa, na chumba chote kilikuwa kinanuka uchachu. Hiyo haikuwemo kwenye karatasi yangu.

Akalichomeka. Likaanza kunguruma, na mimi nikakaa kwenye mita nikisubiri linyamaze. Nusu saa. Saa nzima. Saa tatu. Halikunyamaza. Nisiwafiche, sehemu ya moyo wangu ilianza kufurahi: kumbe nilikuwa sahihi! Nikamwita aje asikie mwenyewe. Akaniangalia kama unavyomwangalia mtoto. "Kaka, limezimwa siku mbili. Lina joto kama kabati. Liache lipoe kwanza, ndiyo upime."

Hapo ndipo wengi wanaopima nyumbani wanakosea, na ndipo nilipokaribia kumhukumu mara ya pili. Friji lililotoka kuwashwa, au lililotoka kujazwa ndoo za maji ya moto ya Dar, litafanya kazi mfululizo kwa saa nyingi. Hiyo ni hesabu ya siku moja, si ya mwezi.

Tulirudi saa 3 usiku. Vyumba vyote sita vikakubali kuzima kila kitu kwa saa moja, hata chaja zikachomolewa. Kabla ya kuanza tukaangalia: mita haikonyezi kabisa. Mota ilipowaka tukaanzisha saa ya simu. Ilikuwa ikikonyeza mara moja kila sekunde 30, yaani mara 120 kwa saa kama isingepumzika. Hizo ni wati 120, si 161. Baada ya dakika kama 12 ikanyamaza, na mita ikatulia kimya. Tukakaa gizani watu tisa tunaangalia kataa kasikowaka. Dakika 18. Ikaanza tena. Hadi saa ilipotimia tulikuwa tumehesabu mikonyezo 48.

Mikonyezo 48 ni uniti 0.048 kwa saa. Mara 24 unapata uniti 1.15 kwa siku, mara 30 uniti 34.6 kwa mwezi. Shilingi 12,300 na ushee. Mchana joto linapanda na wateja wanafungua mlango mara kwa mara, kwa hiyo tukasema 13,000. Si kidogo, friji si malaika. Lakini nilikuwa nimemtangazia 41,295.

Nilidhani tumemaliza. Jamaa wa chumba cha sita, mwaka wa kwanza, ambaye kwenye kikao hakufungua kinywa, akauliza taratibu: "Na jiko lako je, bro?"

Nina jiko la umeme la koili, lile la bei rahisi, sahani moja. Limeandikwa wati 1,000. Kwa kuwa nyumba bado ilikuwa kiza, tukazima friji kidogo, tukachomeka jiko. Kataa kalianza kukonyeza kama kichaa, mara 17 kwa dakika. Ile mikonyezo 48 ya saa nzima ya friji, jiko langu liliimaliza kabla ya dakika tatu kutimia. Mtu akaanza kucheka gizani, na sikuuliza ni nani.

Kujitetea kulikuwa na njia moja tu: kusema silitumii sana. Kwa hiyo tukabandika karatasi ukutani karibu na mita. Kwa wiki moja, kuanzia Jumatatu, kila mwenye jiko aandike dakika alizopika. Tuko vyumba vinne vyenye majiko, yote ya aina ileile. Vilevile tukaandika salio la mita Jumatatu saa 1 asubuhi: 95.1. Jumatatu iliyofuata, saa ileile, lilikuwa 34.6. Nyumba nzima imekula uniti 60.5 kwa siku saba, ambazo kwa mwezi ni kama 259. Pesa yake ni 92,300. Ina maana 60,000 haikuwahi kuwa na uwezo wa kufika mwisho wa mwezi, friji liwepo lisiwepo. Hakuna aliyekuwa ameipigia hesabu. Ni kiasi kilichorithiwa kutoka kwa waliokaa kabla yetu.

Karatasi ya ukutani ilisema nilipika saa 11 na dakika 12 kwa wiki. Sikuamini, nikajumlisha mara tatu. Mkosaji ni maharage. Napika Jumatatu, Jumatano na Jumamosi, kila mara saa mbili na nusu kwa sababu huwa sikumbuki kuyaloweka. Hapo tu ni saa saba na nusu. Kila chungu cha maharage kinakula uniti 2.5, ambazo ni shilingi 890. Nilikuwa nikijisifu napika kwa kubana matumizi, wakati moto wa kuyaivishia peke yake unakaribia bei ya sahani kwa mama ntilie. Kwa mwezi jiko langu linakula uniti 48, shilingi 17,100. Nilikuwa nachangia 10,000.

Majiko yote manne kwa pamoja yalikula nusu ya umeme wa nyumba. Friji halikufika hata sehemu ya saba.

Vifaa vingine navitaja haraka, maana kila mtu ana mshukiwa wake. Birika la umeme la wati 2,000 linatisha kwa namba, lakini lita moja na nusu inachemka ndani ya dakika tano, uniti 0.17, shilingi 60. Jiko la wati 1,000 linalowaka saa mbili linakula mara 12 ya hapo. Feni ya wati 50 usiku wa saa nane ni shilingi 142, na kwa mwezi inafika 4,300, kiasi ambacho watu hawakitegemei kutoka kwa kitu kinachopuliza upepo tu. Simu ndiyo hamna kitu. Ukiichaji ijae kila siku kwa mwezi mzima haimalizi uniti moja, kwa hiyo yule anayekusimanga kwa kuchaji chumbani kwake ana jambo lake lingine. Pasi inasumbua kuikadiria kwa sababu inajizima na kuwaka kama friji. Usiisome kibandiko, hesabu mikonyezo.

Nilipojumlisha makadirio ya kila kitu kwa wiki ile nikapata uniti 58, na mita ikasema 60.5. Hizo mbili na nusu nina hakika ni pasi za watu ambao hawakuandika, lakini safari hii sikumtaja mtu.

Kikao cha pili kilikuwa kifupi. Taa, feni, simu, kompyuta na ile kodi ya jengo tuligawana sawa, 6,000 kila chumba. Mwenye friji anaongeza 13,000. Wenye majiko wanaongeza kulingana na saa zao: mimi 17,000, wale watatu kama 9,500 kila mmoja. Inakuja 94,500, na kwa mara ya kwanza mwezi ule uliofuata ulifika tarehe 30 taa zikiwaka. Mama mwenye nyumba alisikiliza mpaka mwisho, akaangalia karatasi, akasema tena kwamba friji ndilo linalokula umeme.

Dada wa chumba cha nne sasa analipa 19,000. Hakulalamika. Alisema alikuwa tayari kulipa tangu mwanzo, alichotaka ni kulipia cha kwake. Aliyenishtua ni yule wa chumba cha sita. Hana friji wala jiko, anakula kwa mama ntilie, ana taa moja, feni na simu. Alikuwa analipa 10,000 na bado anachangia kila dharura ya katikati ya mwezi, na hakuna aliyewahi kumwona kama mtu anayeonewa kwa sababu hakuwahi kulalamika. Nilipiga hesabu ya miezi minne aliyokaa nasi. 6,000 ndiyo yake, iliyobaki ni maharage yangu na ya wenzangu. Tulikubaliana wenye majiko wanne tumlipie umeme wa miezi miwili.

Mimi nilinunua deli la kulowekea maharage. Nayaloweka usiku, asubuhi nayapika kwenye sufuria ya presha ya kuazima, dakika 45 yameiva. Mwezi uliopita sehemu yangu ya jiko ilishuka kutoka 17,100 hadi karibu 9,100.

Juisi iliyochacha niliilipa, lita sita kwa bei ya rejareja. Alizipokea pesa, akazihesabu, akaandika kwenye daftari lake la mauzo. Barafu bado ananiuzia bei ileile ya watoto wa mtaani, na nikichukua deni anaandika tarehe na saa.